Kitambaa cha Shingoni mwa Irakoze

Mimi mtu akishakaa kwenye kiti changu, kichwa chake ni changu mpaka nimalize. Kama una haraka, nenda kwa wengine, hapa South Beach iko saluni kila kona. Ndiyo maana siku ile wifi yangu Irakoze alipokataa kufungua kitambaa chake cha shingoni, nilichukia. Nilikuwa nimefika kisogoni, pale nywele zinapoanzia, na kitambaa kinanizuia mkono. Nikamwambia kwa upole, "Wifi, toa hicho." Akasema, "Suka tu hivyohivyo." Nikamwambia tena. Akakishika kwa mikono miwili, kama mtu anayelinda pochi yake pale sokoni Warwick.

Basi nikakivuta. Wengine watasema Colette hana adabu. Waseme. Ningekuwa na adabu siku ile, leo tungekuwa tunaongea mambo mengine kabisa.

Mbele ya shingo yake kulikuwa na uvimbe mkubwa kama ngumi ya mtoto. Alipomeza mate, ule uvimbe ukapanda, ukashuka. Wateja wawili waliokuwa wakisubiri wakajifanya wanaangalia simu zao. Mimi nimesimama na chanuo mkononi, hata mtindo niliokuwa nasuka nimeusahau.

"Tangu lini?" nikamwuliza.

"Twende kule nyuma, wifi. Nitakuambia, ila usipige kelele."

Kama hukai Durban, au kama wewe ni mtu wa rumba peke yake, pengine humjui Irakoze, kwa hiyo nikueleze kidogo. Dominiki ni mdogo wangu, tumetoka tumbo moja, Uvira, kule Kongo. Tangu akiwa kijana akili yake ilikwenda kwenye muziki wa kantri, ule wa gitaa na kofia ya kauboi, nyimbo za njia ndefu na mama aliyeachwa nyumbani. Tulimcheka sana. Alipofika huku akaingia kwaya ya kanisa moja kule Berea, na siku ya kwanza akasikia sauti ya mwanamke inatoka nyuma ya nguzo. Hakumwona, alimsikia tu. Huyo alikuwa Irakoze, Mrundi wa Rumonge. Nikamwambia Domi, nyinyi wawili hamna kitu, mtakula nyimbo? Wakaoana hivyohivyo, na wakaimba, na kweli wamekula nyimbo mpaka leo.

Watu wanawaita Domi na Ira. Kwenye harusi zetu, ya Wakongo au ya Warundi, bibi na bwana hawafungui dansi kabla Domi na Ira hawajaimba. Na wana desturi yao moja ambayo imewakera wapishi wengi. Gitaa lao halipimwi kwa mashine. Irakoze anafumba macho, anatoa sauti moja ndefu, "mmmm", na Domi anakaza au analegeza nyuzi mpaka zikutane na sauti ya mke wake. Hapo ndipo wimbo unaanza. Wali upoe, wageni wakohoe, wao wanatafutana kwanza.

Halafu kuna ile sauti yenyewe. Miaka hii miwili, kila akifika mwisho wa mstari, sauti yake inakwaruza na kukatika, kama mtu anayetaka kulia akajizuia. Watu wakapagawa. Nyimbo zao zilianzia kwenye meza za mafundi simu wa Warwick, zikaenda Maputo, Lusaka, Lubumbashi, Bujumbura, mpaka kwenye kambi za wakimbizi za Malawi. Nimepanda taxi ya Mzulu asiyejua Kiswahili hata neno moja, na redio yake inamwimba wifi yangu. Kila mahali wakatokea mke na mume wenye gitaa: mwanamume na kofia, mwanamke na kitambaa shingoni, na mwanamke lazima akatike sauti mwisho wa mstari. Wanaita kuimba Ki-Ira. Jumamosi ya wiki ileile, Pasta Ezekieli wa kanisa lao alikuwa amewaita hao wote waje Berea, waimbe mbele ya Domi na Ira kuwaheshimu. Ndiyo maana alikuwa kwenye kiti changu, anasukwa kwa ajili ya Jumamosi.

Sasa kule nyuma, kwenye ndoo za kuoshea taulo, akanieleza. Uvimbe unabana koo. Analala amekaa, ameegemea mito, kwa sababu akilala chali pumzi haiingii. Hospitali walikuwa wamempa kitanda: alazwe Ijumaa asubuhi, apasuliwe siku hiyohiyo.

"Bon," nikasema. "Ijumaa nafunga saluni, nakusindikiza."

"Siendi."

"Unasema nini?"

"Daktari alisema mshipa wa sauti umepita hapo hapo kwenye uvimbe. Wanaweza kuutoa uvimbe na sauti ikaondoka nayo. Nitaomba tarehe nyingine."

"Na watakupa lini?"

"Pengine mwakani."

Eish. Nikamtazama anavyovuta pumzi, mabega yanapanda kabla ya maneno kutoka. Mtu huyo hakuwa na mwakani, hata mimi ninayesuka nywele tu niliona.

"Domi anasemaje?"

"Domi hajui. Anadhani kitambaa ni urembo, kama watu wote." Akaanza kufuta machozi kwa taulo yangu. "Wifi, mimi nikipoteza sauti, yeye atabaki na nani?"

"Si atabaki na wewe, mjinga."

"Hapana. Alinipenda kabla hajaniona. Alipenda kile alichosikia."

Akataka niape kwamba sitamwambia Domi. Sikuapa. Nilikohoa, nikamrudisha kwenye kiti, nikamalizia kichwa.

Kesho yake nikaenda Warwick. Domi anatengeneza simu chini ya daraja, kwenye meza ndogo, jirani na mama mmoja wa Kizulu anayeuza dawa za mizizi. Gitaa linakaa chini ya meza. Nilipanga njia nzima nianze vipi taratibu, lakini nilipomwona ametulia pale na bisibisi yake, mpango wote ukaniponyoka.

"Domi, mke wako anakufa na wewe uko hapa unabadilisha vioo vya simu."

Hakuuliza anakufa na nini. Hapo ndipo niliposhtuka. Aliweka bisibisi chini, akavuta gitaa, akapiga uzi mnene. Ule uzi haukulia vizuri, ulitetemeka ukagonga mbao.

"Unasikia, Yaya?" Kwetu ndivyo tunavyomwita dada mkubwa. "Zamani uzi huu ulikuwa umekaza. Sasa kila miezi michache anatoa sauti, naona iko chini kuliko mara iliyopita. Mimi nalegeza. Anashuka, nalegeza. Nikilegeza tena kidogo, hakuna gitaa."

"Kwa hiyo ulijua."

"Nilijua iko kitu."

"Na hukumwuliza."

"Ningemwuliza angenijibu, na akishanijibu lazima nifanye kitu." Alikuwa anaongea na gitaa, hanitazami. "Niliogopa, Yaya. Watu wanaipenda ile sauti. Mimi mwenyewe naipenda. Nikajiambia labda Mungu ndiye anayeipeleka huko."

Nilichukua kofia yake ya kauboi nikampiga nayo kichwani mbele ya watu. Yule mama wa dawa akasema kitu kwa Kizulu, sikuelewa, lakini najua alikuwa upande wangu. Nikamwambia Domi habari ya kitanda cha Ijumaa. Rangi ilimtoka. Halafu, na hili bado linanikera nikilikumbuka, akafungua mdomo akasema, "Lakini Jumamosi watu wanatoka Maputo..." Akajisikia mwenyewe, akafunga mdomo.

"Leo hii utamwambia kwamba unajua," nikasema. "Si kesho."

"Leo, Yaya."

Hakumwambia. Nilimwona Alhamisi mchana kwenye ukumbi wa kanisa, siku ya mazoezi, na nikajua papo hapo. Alikuwa anahangaika na nyaya za maspika ambazo hazikuwa na shida yoyote. Irakoze amekaa mbele, nywele zangu kichwani zimempendeza, kitambaa cha kijani shingoni, anatabasamu kwa kila mgeni anayekuja kumshika mkono. Mimi nilikaa nyuma yake namhesabia pumzi. Nilikuwa nimeamua, ikifika jioni hakuna aliyesema, nitasimama mimi niseme, hata kama ni katikati ya sala.

Wakapanda jukwaani vijana wawili Warundi waliotoka Johannesburg, Arnaud na mke wake Estella. Binti mzuri, mwembamba, kitambaa cha kijani shingoni, rangi ileile. Wakaimba ule wimbo wa Domi na Ira wa mlango:

*Nimeacha mlango wazi, mama,
upepo ndio utaufunga.*

Kwenye "utaufunga" binti akakatika. Jamani, nilipata baridi mgongoni. Ungefumba macho ungesema ni wifi yangu. Ukumbi mzima ukapiga makofi, na Pasta Ezekieli akasema haleluya.

Irakoze peke yake hakupiga. Aliinua mkono. "Binti, njoo hapa. Hiyo sauti ya mwisho, unaitoaje?"

Estella akashuka mbio, amefurahi, akapiga goti kidogo kama tunavyofanya kwa wakubwa. "Mama, nilifanya mazoezi mwaka mzima. Nabana hapa." Akaweka ngumi yake chini ya kitambaa, kooni, akasukuma. "Mwanzoni ilikataa. Siku nyingine natema damu kidogo, lakini Arnaud ananitia moyo, na sasa inatoka yenyewe."

Arnaud, kule juu, akaitikia kwa kichwa. Mwanamume mzima anajivunia.

Hapo kila mtu akasikia pumzi ya Irakoze, inaingia na mluzi mdogo, inatoka na mluzi. Kisha akafungua kitambaa. Hakukitoa haraka, alifungua fundo, akakikunja, akakiweka juu ya magoti. Akachukua mkono wa yule binti akauweka juu ya uvimbe.

"Shika. Hiki ndicho unachoiga," akasema. "Si mtindo, mwanangu. Ni ugonjwa."

Estella akaanza kulia palepale. Alitaka kuutoa mkono, akazuiwa.

"Nani mwingine anabana koo?" Irakoze akauliza ukumbi. Wanawake wakaangaliana. Mikono ikaanza kupanda, mmoja mmoja, yule wa Maputo, wale wa Lusaka, mama mmoja mtu mzima wa Umbilo anayeimba harusini tu. Wifi yangu aliitazama ile mikono na sijawahi kumwona amechoka vile.

Pasta Ezekieli akasimama. Ni mtu mwema, nasema ukweli, lakini mabango ya Jumamosi alikuwa amekwisha kubandika mji mzima. "Mama Irakoze, tutakuombea. Ni siku mbili tu zimebaki, ukituimbia wimbo mmoja, halafu..."

"Pasta," nikasema, "nakuheshimu sana. Kaa chini."

Akakaa. Irakoze akageuka kwa mume wake. "Domi. Piga uzi wa chini."

Domi akapiga. Ule uzi ukagonga mbao kama ulivyogonga Warwick, na safari hii ulipita kwenye spika, ukumbi wote ukausikia.

"Umelegeza mpaka huko," akasema Irakoze. "Basi ulijua."

"Nilijua, Ira."

"Tangu lini?"

"Mwaka juzi."

Nilimwona anaimeza ile "mwaka juzi" na uvimbe wake pamoja. Hakupiga kelele. Ningekuwa mimi, gitaa lile lingekuwa kuni. Alisimama, akaacha kitambaa kwenye kiti, akasema, "Kesho asubuhi utafute gari. Nakwenda hospitali." Na hilo likawa neno lake la mwisho kwa Domi.

Ijumaa tulikaa watatu kwenye kiti cha nyuma, mimi katikati kama mzigo. Kila robot, zile taa za barabarani, ilitukuta ikiwa nyekundu. Domi akajaribu, "Ira, unasikia baridi?" Ira akatazama dirishani. Mlangoni mwa wodi alinikumbatia mimi, Domi akapewa mfuko wa nguo ashike.

Kungoja kule sitaki kukumbuka. Kila mlango ukifunguka moyo unaruka, kumbe ni mtu na ndoo yake. Domi alikuwa amekaa ameshika kofia, na hasira yangu kwake ilikuwa imejaa mpaka hapa, lakini nilipoona anavyoikunjakunja ile kofia nikampa nusu ya mkate wangu. Alasiri daktari akatoka, akasema uvimbe umetoka wote na anapumua vizuri. Nikamshukuru Mungu kwa sauti. Domi akauliza habari ya sauti. Daktari akasema hilo bado halijulikani. Asiongee hata neno mpaka arudi kliniki, baada ya hapo ndipo tutajua.

Mkutano wa Jumamosi ulifanyika bila wao. Nilikwenda kwa sababu nilitaka kuona. Estella aliimba bila kitambaa na bila kukatika, sauti imenyooka, na watu wengine wakanung'unika kwamba wimbo umepoa. Wanawake wengi walivua vitambaa. Wengine wakavibakiza kwa sababu vinapendeza, na hilo siwalaumu.

Irakoze akarudi nyumbani na ukimya wake. Sasa hapo ndipo mdogo wangu alipokiona cha moto. Kila siku anakuja saluni, anasimama mlangoni, anawaziba wateja njia.

"Yaya, ananyamaza kwa sababu ya daktari, au kwa sababu yangu?"

"Si umwulize."

"Hawezi kunijibu."

"Eeh. Safari hii unataka jibu."

Nilikuwa namtesa makusudi, ndiyo. Lakini mimi mwenyewe sikujua. Irakoze alikuwa ananiandikia kwenye simu: wifi niletee ndizi, wifi nani kaolewa. Pasta alimwandikia, Estella alimwandikia mambo marefu kabisa. Kwa Domi hakuandika chochote. Wanakula meza moja, Irakoze analala chali sasa bila mito, na Domi amekaa pembeni ya kitanda anasikiliza pumzi isiyo na mluzi na hajui kama ameachwa.

Siku ya kliniki nilimwambia aje saluni akitoka huko, nywele zilikuwa zimezeeka. Nilikuwa na mteja kwenye kiti, binti wa duka la simu, Laetitia, nusu ya kichwa imesukwa na nusu imesimama. Irakoze akaingia. Shingo wazi, kovu jembamba kama mkunjo wa ngozi. Nyuma yake Domi na gitaa mgongoni. Hakuna aliyemwambia alete gitaa, alikuwa anatembea nalo tu siku zile.

"Wamesemaje?" nikauliza.

Irakoze akaandika kwenye simu yake, akanionyesha: *Wamesema nijaribu.*

"Umejaribu?"

Akatikisa kichwa, hapana. Akavuta kistuli akakaa, akamtazama Domi, moja kwa moja, mara ya kwanza tangu ule ukumbi. Kisha akanyoosha kidole kwenye gitaa.

Domi akalitoa haraka, likagonga mlango. Akakaa kwenye sakafu, katikati ya nywele zilizoanguka, maana kiti kingine hakikuwepo. Irakoze akafumba macho kama anavyofanyaga. Akavuta pumzi, na pumzi ikaingia kimya.

Nikaacha kusuka. Laetitia akataka kulalamika, nikamfinya bega.

Irakoze akafungua mdomo. Ukatoka upepo mtupu. Akafunga mdomo, akameza mate, akajaribu tena, upepo tena. Nilitamani kutoka nje nisione. Nikatazama mikono ya Domi, na nikaona vidole vyake vimeshika kichwa cha gitaa na vinageuza, taratibu, kwa mazoea ya miaka miwili. Alikuwa analegeza. Mke wake hajatoa hata sauti, na yeye amekwisha kuanza kushuka.

Irakoze akafumbua macho, akaona. Akainama kutoka kwenye kistuli, akamshika mkono ule uliokuwa unageuza, akaubana.

"Wacha kushusha, Domi," akasema. "Hujanisikia bado."

Alisema. Kwa sauti ndogo ya mtu aliyeamka sasa hivi, lakini nilisikia kila neno, na Domi alisikia, maana aliinamisha uso kwenye gitaa na mabega yakaanza kutikisika. Irakoze hakumngoja amalize kulia. Alinyooka, akafumba macho, akatoa: "mmmm." Nyembamba sana. Haikuwa na mkwaruzo. Domi akapiga uzi, ukawa chini mno, chini ya mke wake kabisa, wawili hawa hawako nyumba moja.

Akakaza. Akapiga. Bado. Akakaza tena, na Irakoze ameishiwa pumzi, akavuta nyingine, akatoa tena palepale, hakushuka kumfuata. Nyuzi za zamani zile, niliogopa zitakatika. Domi anafuta macho kwa begani, anakaza, anapiga, anakaza, mpaka uzi na sauti vikakutana na sikuweza tena kusema ipi ni ipi.

Wakaimba mstari mmoja. *Nimeacha mlango wazi, mama.* Wa pili Irakoze aliuanza, pumzi ikamwishia njiani, na Domi, ambaye miaka yote anafuata nyuma, akaumalizia peke yake. Basi, wakaishia hapo.

Nililia mbele ya mteja wangu, na sioni aibu. Halafu Laetitia akaniuliza kama nitamaliza kichwa chake leo au arudi kesho, nikamwambia anyamaze, akae, kichwa chake ni changu mpaka nimalize.